Herufi Sita za Mwisho

Kwa mwaka mmoja na miezi kadhaa nilifanya kazi kwenye kambi ya utafiti wa dhahabu upande wa Rwamgasa, na mtu niliyezungumza naye kuliko wote sikuwa nimewahi kumwona.

Siwezi kusema kambi haikuwa na watu. Vibarua walitoka asubuhi na majembe na mifuko ya sampuli, mchana wakarudi wamepigwa na jua, wakala ugali chini ya turubai wakitaniana Kisukuma. Mimi nimekulia Shinyanga mjini, mama yangu ni Mnyaturu, na Kisukuma nakisikia nusunusu. Walinisogezea benchi, wakanisalimu vizuri, kisha wakaendelea na yao. Nilikula haraka nikarudi kwenye kontena langu.

Humo ndimo nilimoingiza vipimo vya udongo kwenye kompyuta, na saa tisa alasiri nilituma faili la siku ofisini Geita. Mtandao wetu ulikuwa wa kubahatisha. Faili liliweza kufika limeharibika bila mtu kujua. Kwa hiyo kulikuwa na programu ya kuhakiki: inalisoma faili lote, kisha inatoa mstari mrefu wa tarakimu na herufi. Kikibadilika kitu chochote ndani ya faili, hata nukta, mstari huo unakuwa mwingine kabisa. Mimi nilitoa wangu kambini, wao wakatoa wa kwao Geita, tukalinganisha kwa simu herufi sita za mwisho.

Aliyepokea simu alikuwa mwanamke mwenye sauti ya taratibu.

"Mwadila, kaka wa kambini."

"Mwadila, dada." Hiyo salamu ya Kisukuma ya alasiri nilifundishwa na yeye.

"Haya, nisomee."

"Nne, b, saba..."

"B ya bibi au d ya dada?"

"B ya bibi."

Tukifika ya sita alisema, "Imekubali." Kazi iliishia hapo. Lakini mara nyingi aliongeza neno: mvua imenyesha Geita, au dagaa wamepanda bei, au je, nimekula? Nilianza kunyoa ndevu mchana, kabla ya saa tisa, na hakuna aliyekuwa akiniona.

Siku moja haikukubali. Nilituma tena, ikakataa tena. Nikakagua faili langu, sikuona kosa. Nikamwambia labda tuliache tu, namba zote zinaonekana sawa.

"Zinaonekana," alisema. "Mashine inasema si sawa. Fungua lako, na mimi nafungua la kwangu. Tusome."

Tukasoma mstari kwa mstari. Mimi mmoja, yeye unaofuata, mimi, yeye. Vibarua wakaoga, moshi wa jikoni ukaanza kupanda, sisi tunasoma tu. Mamia ya mistari. Sauti yake ilianza kukauka, nikamsikia akinywa maji. Katikati nikagundua kwamba siombi tena kosa lionekane.

Akaliona yeye. Mahali pa sifuri nukta saba, kwake palisomeka sifuri nukta tatu. Tarakimu moja tu, iliharibikia njiani, na mara ya pili kumbe kompyuta yake ilikuwa bado inasoma nakala ile ya kwanza. Alicheka mpaka akakohoa. Nami nilicheka peke yangu ndani ya kontena, mpishi akachungulia kuona kuna nini.

Baada ya muda gari la chakula lilileta flashi yenye maagizo kutoka kwa wakubwa. Ndani yake mlikuwa na faili moja, dogo kuliko picha ya simu. Ni aina ile wanayoiita maktaba: haifunguki yenyewe, programu nyingine ndizo huiita ikazifanyia hesabu. Tangu siku hiyo uhakiki ungefanyika wenyewe pande zote mbili. Faili likiharibika, lingetumwa upya bila mtu kugusa kitu.

Nililiweka mimi mwenyewe, kwa mikono yangu. Saa tisa faili likaenda, alama ya kijani ikatokea.

Nikapiga simu hata hivyo. "Imefika?"

"Imefika, kaka. Si umeona kijani?"

"Nimeona."

"Haya. Kazi njema."

Sikupiga tena. Nilikuwa na namba yake, ila sikuwa na sababu.

Wiki kadhaa baadaye nilipeleka kompyuta Geita kutengenezwa, nikapita ofisini. Nilimtambua kwa sauti kabla sijamwona vizuri. Alikuwa mama wa umri wa mama yangu, amevaa kitenge, miwani inaning'inia kifuani. Shikamoo ikanitoka yenyewe.

"Marahaba," aliitika. Nilipomweleza mimi ni nani, akapiga makofi. "Kumbe ndiye wewe! Leo nimekuwa shikamoo?"

Alinipa kiti na chai. Akauliza hali ya kambi, nikasema nzuri. Akauliza mtandao, nikasema unaendelea. Baada ya hapo tukawa tunatazama meza. Simu yake ikaita. "Mwadila, baba," alisema, kwa upole uleule niliodhani ni wangu. Nilimaliza chai, nikamshukuru, nikatafuta bodaboda.

Mkataba wangu uliisha mwanzoni mwa mvua. Siku ya kufunga mizigo nilipiga simu ofisini kumuaga. Akapokea kijana nisiyemjua, akaniambia mama yule amestaafu, amerudi kwao Ushirombo. Nikamwomba amfikishie salamu.

"Nimwambie nani?"

"Mwambie wa kambini."

"Kambi ipi? Ziko nyingi."

Nikamtajia. Akasema atamwambia. Kisha nikatoka nje, gari lilikuwa linapiga honi.