Rasimu ya Anayeshindwa

Ofisini kwa jaji palikuwa na viti viwili. Kimoja kilikuwa cha jaji mwenyewe, cha mbao, kigumu, hakina hata mto, kwa sababu mzee aliamini kwamba mtu aliyekaa raha huandika hukumu ndefu. Cha pili kilikuwa cha msaidizi wake, cha magurudumu, na gurudumu moja lilikuwa limegoma kabisa, kwa hiyo kila aliyekikalia aligeukia dirishani apende asipende. Msaidizi huyo alikuwa binti mwenye shahada ya sheria na ubishi wa kuzaliwa nao, na jina la utani alilopewa na jaji wiki ya kwanza tu: Lakini. Ukimwambia jambo, alilipokea kwa adabu zote, akalitafakari, kisha akasema "lakini". Masjala nzima ililidaka jina hilo. Hata mama wa chai alikuwa akibisha hodi na kuuliza, "Lakini yupo, au leo tunapumzika?"

Kazi yake ilikuwa ngumu kuieleza, na aliyeteseka zaidi kwa jambo hilo ni mama yake mzazi. Mama alikuwa fundi cherehani wa sare za shule, anajulikana mtaa mzima, na alitaka kitu kinachoeleweka cha kuwaambia wateja.

"Mwanangu, hebu nieleweshe. Wewe ni jaji?"

"Hapana, mama."

"Wakili?"

"Nimesomea, ila sitetei watu."

"Basi ni karani."

"Ni msaidizi wa jaji, mama. Nasoma majalada, natafuta sheria, naandika rasimu. Anayeamua ni yeye."

Mama akakata uzi kwa meno. "Yaani wewe ndiye unayemwandikia."

"Sijasema hivyo!"

"Hujasema, nimesikia."

Kuanzia siku hiyo, kila mzazi aliyeleta mtoto kupimwa sketi aliondoka na habari kwamba binti wa fundi ndiye anayemwandikia jaji wa Mahakama Kuu. Mama alitia chumvi, ila si nyingi kama watu walivyodhani.

Ukweli ni kwamba majaji wa ukumbi ule kila mmoja alikuwa na lake. Mmoja alimwachia msaidizi wake aandike hukumu nzima, yeye akabadilisha tarehe na kutia sahihi, na hilo lilijulikana mpaka getini. Mwingine hakumwonyesha msaidizi wake chochote, maskini yule kijana alikaa mwaka mzima akipanga vitabu. Jaji wa Lakini alikuwa na utaratibu ambao hakuna aliyeuiga, labda kwa sababu ulikuwa na kazi nyingi. Akishasikiliza rufaa na kujua moyoni anakoelekea, alimwambia Lakini nani anashindwa. Basi Lakini aliandika hukumu nzima, kuanzia kichwa hadi amri ya mwisho, kana kwamba yule anayeshindwa ameshinda. Jaji aliisoma akiwa na kalamu, akijibu pembeni aya baada ya aya. Akimaliza kuzijibu zote ndipo alipoandika hukumu yake halisi. Walikuwa wakiiita rasimu ya anayeshindwa. Watu wengi wamepita mahakama ile wakashindwa na kwenda zao wakinung'unika, bila kujua kwamba ndani ya chumba kile kuna mtu aliyekesha na hoja zao kuliko hata mawakili waliowalipa.

Lakini aliipenda kazi hiyo kupita kiasi. Alikuwa na kichwa kigumu, na hapa palikuwa mahali pekee duniani ambapo kichwa kigumu kilikuwa sehemu ya ajira.

Halafu ikaja rufaa ya fundi viatu.

Fundi huyu alikuwa na kibanda kando ya duka la dawa. Majambazi walivamia duka hilo usiku, wakampiga mwenye duka kwa nondo mpaka mkono wake wa kulia ukavunjika vibaya, wakatoweka. Mwenye duka alieleza kwamba mmoja wao alikuwa jirani yake, fundi viatu, na kwamba alimtambua kwa mwanga wa taa. Hakimu wa mahakama ya chini alimwamini. Fundi alihukumiwa kifungo cha miaka kumi na mitano, na alipoletwa mbele ya jaji alikuwa ameshatumikia minne. Hakuwa na wakili. Alisimama kizimbani akasema hakuwepo, alikuwa nyumbani amelala, basi. Mkewe alikuwa benchi la nyuma, amemkazia jaji macho bila kupepesa.

"Anashindwa huyu," jaji alisema waliporudi ofisini. "Mwenye duka anamfahamu siku zote, hata viatu alikuwa anampelekea. Sioni pa kumwokolea."

Kwa mara ya kwanza tangu aajiriwe, Lakini hakusema neno lake. Alisema, "Naam, Mheshimiwa," akachukua jalada.

Alikuwa ameusoma ushahidi wa mwenye duka kabla ya rufaa kusikilizwa, na ulimkaa rohoni. Mzee yule hakumtukana mtu. Alisema tu, "Inaniuma kwa sababu alikuwa jirani mwema." Naye Lakini akajiambia kwamba mtu wa namna hiyo hasemi uongo. Akaiandika rasimu ya fundi viatu nusu nusu, huku mawazo yake yakiwa kwenye ule mkono uliovunjika. Aliandika kwamba mrufani anadai alikuwa amelala. Aliandika kwamba huenda kweli alikuwa amelala. Akaongeza vifungu vya sheria vya kupamba, akaichapa, akaiweka mezani kwa jaji.

Kesho yake jaji alimrudishia. Pembeni hapakuwa na alama hata moja ya kalamu.

"Mheshimiwa, hujajibu kitu."

"Nijibu nini? Hii umeiandika ili ishindwe."

Binti alitaka kuzungusha maneno, akaona heri aseme. "Mheshimiwa, mimi naamini ni yeye."

"Nani kakuuliza unaamini nini? Hata mimi naamini ni yeye. Ndiyo maana nakuhitaji." Jaji hakupaza sauti, na hilo ndilo lililouma. "Tukishakubaliana sote wawili, binti yangu, humu ndani yule bwana anabaki na nani?"

Lakini alitamani ardhi ipasuke immeze. Makosa mengine katika ofisi ile yalisameheka. Aliwahi kuchanganya kesi mbili zenye majina yanayofanana, wakacheka. Aliwahi kumwagia chai kitabu cha maktaba, jaji akakianika mwenyewe dirishani. Ila kumwandikia mtu hoja dhaifu kwa makusudi, halafu kuzipanga vizuri zionekane ndizo alizonazo, hiyo ilikuwa dhuluma, na aliyedhulumiwa yuko gerezani hana habari. Aliona aibu ya kweli, siyo ile ya kukaripiwa na mkubwa.

Akavuta kiti chake kibovu, akajizuia kwa mguu kisimpeleke dirishani, akaanza upya. Safari hii aliusoma ushahidi wote akijiuliza kitu kimoja: kama ningekuwa nimesimama pale kizimbani na ninajua kuuliza, ningeuliza nini?

Angeuliza taa ilikuwa wapi. Mwenye duka alisema taa ilikuwa inawaka. Ilikuwa ndani au nje? Ilikuwa mbele ya uso wa jambazi au mgongoni kwake? Aliuona uso huo kwa muda gani, na mtu mwingine anampiga kwa nondo? Hakuna aliyeuliza. Wakili wa serikali hakuuliza kwa sababu jibu lililokuwepo lilimtosha, fundi hakuuliza kwa sababu hakujua kwamba inaulizwa, na hakimu alikaa kimya. Kisha kuna askari polisi aliyefika wa kwanza dukani. Alieleza, kama jambo la kupita tu, kwamba aliingia akimulika kwa tochi ili asikanyage vioo. Kama taa ilikuwa inawaka, tochi ya nini? Labda majambazi waliizima wakati wanatoka. Labda ilivunjwa. Yote yanawezekana, na hakuna hata moja lililothibitishwa. Na hakimu naye, alipoandika hukumu, alianza kwa kusema anamwamini mwenye duka moja kwa moja, ndipo akaugeukia utetezi wa fundi na kuukataa kwa kuwa haulingani na maneno ya mwenye duka. Ulishapimwa upande mmoja na uamuzi ukatoka, huu wa pili ukaitwa kuja kuaga.

Hasira zilimpanda, za kujikasirikia mwenyewe, na hasira hizo zikaandika. Rasimu ile haikuwa na mapambo. Ilisema kwamba mwenye duka ni mtu mkweli, na kwamba mtu mkweli anaweza kukosea uso gizani huku moyo wake ni safi kabisa. Ilisema sheria haitaki kujua tu kama shahidi anaaminika. Inataka kujua kama aliweza kuona.

Jaji aliisoma asubuhi nzima. Aya ya kwanza aliijibu, ya pili pia. Kwenye taa kalamu ilisimama. Aliinuka, akanyoosha mgongo, akarudi, akaisoma tena. Mwishowe akamsukumia Lakini karatasi zake.

"Nijibie hii wewe."

"Mimi tena, Mheshimiwa?"

"Si unaamini ni yeye? Haya, nionyeshe."

Alijaribu. Alijaribu kwa dhati, maana bado aliona sura ya mwenye duka kila alipofumba macho. Aliandika jibu, akalifuta. Akaandika lingine, akagundua kwamba ndani yake ametia jambo ambalo hakuna shahidi aliyelisema, amelitunga yeye. Akaweka kalamu chini.

"Sina jibu, Mheshimiwa."

"Hata mimi," alisema jaji, na akavuta karatasi mpya.

Hapa ndipo mama alipokosea na kupatia kwa wakati mmoja, kwa sababu kilichofuata kiliandikwa na jaji, neno kwa neno, kwa mwandiko wake wa kuinama. Alichukua hoja ya taa kama ilivyo. Alichukua sentensi ya mtu mkweli na giza, akafuta "huku moyo wake ni safi kabisa" na kunong'ona kwamba mioyo haipo kwenye ushahidi. Alitupa ukurasa mzima ambao Lakini alikuwa anaupenda kuliko yote. Na akaongeza aya ambayo Lakini hangeiwaza, aya ya kumwambia mwenye duka kwamba mahakama hii haimwiti mwongo, kwamba aliumizwa, na kwamba anayestahili lawama ni yule ambaye hakumuuliza maswali yaliyopaswa kuulizwa. Lakini alipoisoma aya hiyo alielewa kwa nini mmoja wao anaitwa jaji na mwingine msaidizi. Hakuona wivu. Aliona fahari iliyomjaa kifua mpaka akageuka dirishani, na mara hii siyo kwa sababu ya kiti.

Siku ya hukumu mama alifunga kibanda cha cherehani na kuja mahakamani, amevaa nguo yake ya harusi za watu. Hakuwa amealikwa. Alikaa benchi la nyuma, karibu kabisa na mke wa fundi viatu. Binti yake, aliyekuwa kwenye meza ya chini mbele ya jaji, alimwona, akamkodolea macho ya kumsihi anyamaze. Mama alinyamaza.

Jaji alisoma taratibu. Alipofika kwenye taa, chumba kizima kiliinua vichwa. Wakili wa serikali aliacha kuandika. Alipofika mwisho na kuamuru hatia itenguliwe na mrufani aachiwe huru mara moja, mke wa fundi hakupiga kelele. Alimshika mama wa Lakini mkono, mtu asiyemjua, akaubana mpaka mama akakunja uso.

Ukumbini, mama alimvizia binti yake karibu na ngazi.

"Sehemu ipi ilikuwa yako?"

"Zote ni za jaji, mama." Lakini alikausha uso.

"Sawa. Ila nilikuwa nakuangalia wewe, simwangalii yeye. Midomo yako ilikuwa inacheza. Kuna mahali ulimtangulia." Mama alimpangusa begani vumbi ambalo halikuwepo. "Nitawaambia wateja nimekosea, wewe ni karani. Hili ni kubwa mno kusemwa kibandani." Akashuka ngazi kabla machozi hayajamshinda, kidevu juu.

Lakini alirudi masjala kupeleka jalada. Alipotoka akakuta mtu amesimama mwisho wa ukumbi, mbele ya mlango mkubwa wa kutokea, mikono ameikutanisha mbele. Alikuwa ni fundi viatu. Ameshatia sahihi karatasi zote, hakuna anayemshikilia. Kwa karibu alikuwa mfupi kuliko alivyoonekana kizimbani. Lakini alimtazama usoni akitafuta jibu la lile swali ambalo hakuna aliyeweza kulijibu, na uso ule haukumwambia chochote. Ulikuwa uso wa mtu aliyechoka. Alifanya au hakufanya, hakujua, na alijua kwamba hatajua. Hata hivyo, hakutaka kubadilisha neno hata moja.

"Kaka, unamsubiri nani?"

"Askari, dada."

"Askari wa nini?"

"Wa kufungua."

Yule bwana hakumjua Lakini. Kwake alikuwa mfanyakazi tu wa mahakama, mmoja wa wale wanaopita na mafaili.

"Haujafungwa," alimwambia. "Sukuma tu."

Fundi akauangalia mlango, akamwangalia yeye, kama mtu anayehofia utani. Kisha akaweka kiganja kwenye mbao, akasukuma, na mkewe alikuwa upande wa pili.