Kalori Elfu Moja za Cephas

Wasee, tulieni niwape aibu yangu. Mashine iliniambia nimechoma kalori elfu moja, na wiki moja baadaye nikazimika kwa raundi tatu tu.

Naitwa Cephas. Nilikuwa nawinda kazi ya kutembeza wageni kisiwani Takawiri. Miaka mitatu sina kazi, mke wangu amerudi kwao Rongo. Amesema nikipata kazi, atarudi.

Interview ilikuwa na kukimbia, kwa hivyo nikajiunga na gym Migori mjini.

Pale tuna ujinga wetu. Ukimaliza treadmill, ile mashine ya kukimbilia juu ya mkanda, unapiga picha ya skrini, unarusha kwa group. Mwenye kalori chache ananunulia wengine uji.

Mimi sikuwahi kununua. Naweka mwinuko wa mwisho, spidi ya kutisha, halafu nashika vyuma vya mbele na kuning'inia kama shati kwa kamba. Kalori zinapanda tu.

Kando yangu kulikuwa na Sumayya, anauza dera sokoni. Anatembea haraka kiasi, mikono huru, mara anaweka vidole shingoni anahesabu mapigo. Uji alinunua yeye kila siku.

"Dada, haya ni mazoezi ama unatafuta kitu umeangusha?"

"Cephas, achilia hivyo vyuma kwanza."

"Skrini haidanganyi!"

"Skrini inahesabu mkanda na mwinuko. Haijui mikono ndiyo imekubeba. Mimi nasikiliza moyo. Nikiweza kuongea lakini kuimba nishindwe, hapo najua nafanya kazi."

Nilicheka hadi machozi. Eti kuimba! Kichwa ngumu mimi.

Siku ya interview, Madam Nyakerario, meneja wa hoteli ya kisiwani, akatupanga uwanjani Homa Bay. Tukimbie raundi sita.

Nikatoka mbio, kifua mbele. Raundi ya pili mapafu yakawaka. Ya tatu mikono ikaanza kutafuta chuma. Chuma wapi? Nikaanguka puu, nikatapika omena, wale samaki wadogo wa asubuhi, wote mbele ya watu.

Mbio zilipoisha bado nimelala pale, mtu akaniinua, akanipa maji. Kuangalia, ni Sumayya, na namba kifuani! Amemaliza zote sita na anaongea vizuri tu.

"Hukuniambia unaomba kazi hii!"

"Hukuniuliza. Ulikuwa unacheka."

Kazi ikawa yake. Madam akanitazama: "Na wewe, wageni wangu ndio watakubeba?"

Sasa nyinyi mnaorusha picha za skrini, sikieni. Ile namba ya kalori ni makisio tu, na inakisia mtu ambaye hajashika kitu. Ukining'inia, anayefanya mazoezi ni mkanda.

Mkanda ule wa Migori uko fiti sana. Mimi bado nalala peke yangu.