Mfalme wa Amani Chumbani

Juzi sokoni niliona picha ya Yesu, Mfalme wa Amani, nikasimama kuitazama. Kwetu Likasi, katika kambi ya wachimba migodi ya Panda, picha kama ile ilitundikwa juu ya kitanda cha mama.

"Mufalme iko mu chumba, anatulinda," mama alizoea kusema. Nilidhani anaishi humo kweli.

Alasiri moja askari aliingia, akinuka jasho na mafuta ya bunduki. Alimtafuta mjomba, aliyeongoza mgomo mgodini.

"Mu chumba kuko nani?" akaniuliza.

"Mufalme wa Amani, papa," nikamjibu kwa heshima, kama mtoto kwa baba.

Mama akanibana mkono hadi nikalia. Askari akaingia chumbani, kisha akatoka na kwenda zake. Niliamini amemwogopa Mungu.

Nilipokua ndipo mjomba aliponiambia kwamba alikuwa chini ya kitanda kile, na kwamba askari aliinama, akamtazama machoni, akainuka.