Ua la Mbooni Lachanua Kinondo

Mutheu alipohamia Kinondo, pwani, kufuata kazi ya kusafisha vyumba hotelini, alibeba sanduku la nguo, sufuria, na mkebe wenye mche kutoka kwao milimani Mbooni. Ulikuwa mche mdogo, wa shina laini lililojaa maji na maua ya rangi ya waridi yenye kimkia chembamba nyuma. Kwao ulimea mahali pamoja tu, kwenye mwamba uliolowa mwaka mzima kando ya kijito. Hapo ndipo mama yake, Kavata, alipopenda kupumzika akitoka kuchota maji.

Kisha barabara ikapanuliwa, na mwamba ule ukapasuliwa kwa baruti. Kavata alipiga simu.

"Nimepanda na kijito mpaka juu, mwanangu, sijaona hata mmoja. Wako ungali hai?"

"Uko hai, mama."

Hakuthubutu kumwambia kwamba nao ulikuwa unakufa. Kingo za majani zilikuwa zimekauka kama zilizobabuliwa na moto. Mutheu alilishuku jua la pwani, akausogeza mkebe kivulini nyuma ya nyumba na kuzidisha maji. Kadiri alivyoumwagilia, ndivyo ulivyozidi kunyauka.

Maimuna, jirani yake mzaliwa wa Kinondo, alimkuta amechuchumaa na kata mkononi.

"Mwenzangu, mkebe huo wautilia maji au wausomea dua?"

"Cheka tu. Naunywesha asubuhi na jioni, na bado wanifia."

"Waunywesha maji gani?"

"Ya kisimani. Kwani kuna mengine?"

Maimuna akapiga makofi. "Ya kisima hiki! Yana chumvi haya, bi wee. Mnazi utayavumilia, lakini hicho kigeni chako wakichinja kwa mkono wako."

Mutheu aliduwaa. Kwao Mbooni, maji yatokayo ardhini ni matamu. Haikumpitikia akilini kwamba kisima kingeweza kuudhuru mmea. Na mvua ilikuwa bado mbali.

Kesho yake kazini alimwona Harrison, fundi wa viyoyozi, akiinua ndoo iliyojaa matone ya kiyoyozi ili aimwage.

"Fundi, ngoja! Hayo yana chumvi?"

"Yaitoe wapi, dada? Hili ni jasho la hewa. Mimi hujazia betri ya pikipiki."

"Basi kuanzia leo ni yangu."

"Haki! Wenzako huomba keki iliyobaki, wewe unaomba jasho!"

Mutheu alicheka, akajaza galoni yake. Jioni ile alitafuta tawi lililosalia zima. Lilikuwa moja, fupi kuliko kidole chake. Alilikata kwa uangalifu, maana likioza hapakuwa na jingine duniani alilolijua. Udongo wa zamani aliutupa, akatia mboji mpya, akalichomeka na kulimwagilia maji ya kiyoyozi. Akasubiri.

Jani jipya lilichomoza, kisha jingine. Tawi likawa kichaka. Asubuhi moja, akitoka kufagia uwanja, Mutheu aliona ua la rangi ya waridi limefunguka. Alipiga ukelele hata Maimuna akatoka mbio, leso haijafungwa vizuri.

"Kuna nini? Nyoka?"

"Limechanua! Maimuna, limechanua!"

Maimuna aliinama, akakiangalia kimkia kile, kisha akapiga vigelegele hata watu wa nyumba ya tatu wakauliza ni harusi ya nani.

Likizo ilipofika, Mutheu alisafiri kwenda Mbooni na matawi ya mche wake yaliyofungwa kwa majani mabichi ya mgomba. Yeye na mama yake walipanda na kijito, wakaupita mpasuko wa barabara, hadi palipokuwa na jabali lililofunikwa kuvu na kuchuruzika maji. Kavata aliyashindilia matawi katika ufa, moja baada ya jingine, asikubali kusaidiwa. Alipomaliza alisimama, viganja vimejaa tope, akawaita kwa sauti wanawake waliokuwa wakichota maji bondeni.

"Pandeni huku! Njooni mwone binti yangu amekuja na nini!"