Kambale wa Karanga wa Bibi Sesilia

Naikumbuka bado asubuhi ile ya kiangazi, mwanangu, mimi na rafiki yangu Deo tumeegemea pikapu ya mjomba wake hapa hapa Nsemulwa, tunaandika safari kwenye daftari. Nilikuwa na miaka ishirini na nne. Tulitaka kufungua mgahawa karibu na soko la Mpanda, na tulikuwa tumeapa kwamba hatutapika wali maharage kama wa kila mtu. Tungepika vyakula vya mkoa wetu huu, kila kimoja kama kinavyopikwa na wenyewe. Kwa hiyo tulipanga kuzunguka siku tatu: Katumba kwanza, halafu Kibaoni, halafu kwa wafugaji wa Kisukuma waliohamia kwenye mbuga za mbele, kisha nyumbani. Kila mahali tuliandika saa ya kufika na saa ya kuondoka.

Nakusimulia haya kwa sababu na wewe umenionyesha safari yako na wenzako kwenye simu. Vituo tisa, siku mbili, mle na kupiga picha. Nimefurahi, usidhani nakukatisha tamaa. Kaa kidogo tu unisikilize.

Mimi nilikuwa na sababu nyingine ambayo hata Deo sikumwambia. Mama yangu alifariki nikiwa na miaka tisa. Sura yake nilibaki nayo kidogo, sauti yake ilishanitoka. Kilichobaki kizima kichwani mwangu ni chakula chake kimoja: kambale mkavu wa Rukwa kwenye mchuzi wa karanga, na wali pembeni. Nilishakula kambale wa karanga kwa watu wengi, na hakuna aliyeipata ladha ile. Lakini mama yake mama, Bibi Sesilia, alikuwa bado hai kule Kibaoni, na niliamini kwake nitaikuta.

Katumba tulikaa nusu saa. Mama mmoja wa Kirundi alitupikia ndizi na maharage kwa mawese, tukaonja vijiko vitatu vitatu, tukaandika, tukashukuru, tukawasha gari. Alibaki amesimama na mwiko mkononi. Jina lake sikuliuliza. Mpaka leo silijui.

Kesho yake tukapita Sitalike, tukakatiza hifadhini vioo vimefungwa kwa sababu ya mbung'o, saa saba mchana tukawa Kibaoni. Bibi alikuwa uani anapeta mpunga. Aliponiona aliangusha ungo.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mume wangu! Umekuja kunichukua au umekuja kunisalimia?"

Nilikuwa sijafika pale miaka minne. Alinishika mashavu kwa mikono yake yenye pumba, akacheka, akafuta macho. Nikamweleza nilichofuata. Akafurahi kama mtu aliyepewa zawadi.

"Basi kaeni. Mpunga bado haujatwangwa, karanga zipo, na samaki ninaye mmoja mzuri. Mpaka jua likishuka pale, mtakuwa mmekula."

Nikatazama saa. Daftari lilisema tuondoke saa nane.

"Bibi, leo hatuna muda. Wewe nieleze tu kwa mdomo, mimi naandika."

Aliinama akaokota ungo wake. Kisha akasema taratibu, "Sijui kueleza, mjukuu wangu. Mimi najua kupika."

Deo, aliyekwisha rudi kwenye gari, akapiga honi. Nikamwambia bibi tutapita siku nyingine. Akatusindikiza mpaka barabarani, na mimi nikajisemea, wazee bwana, wanapenda kusumbua.

Jioni hiyo, jua bado halijazama, tulifika kwa mzee mmoja mfugaji, Mzee Masunga. Alitukaribisha kwenye vigoda, mkewe akaleta kibuyu cha maziwa ya mgando na ugali wa mtama. Nikatoa daftari, nikaanza kuuliza maziwa yanagandishwa siku ngapi.  Mzee akauliza yeye.

"Nyie mmetokea wapi leo?"

"Kibaoni, mzee. Kwa bibi yangu mzaa mama."

"Mama yako yupo?"

"Alishafariki."

"Kwa bibi mmekula nini?"

"Hatukula, mzee. Tulikuwa na haraka ya kufika huku."

Mzee Masunga akaweka kibuyu chini. Hakupandisha sauti, na ndiyo maana maneno yake yaliniingia.

"Umepita nyumbani kwa mama aliyemzika mama yako. Anataka kukupikia, wewe unakataa. Halafu unakuja kula kwangu, hata jina langu hujaniuliza. Maziwa sikunyimi, kijana, kunywa. Lakini ukiamka kesho, rudi."

Nilikunywa yale maziwa nimeinamisha kichwa. 

Asubuhi tulirudi. Bibi nilimkuta anaosha sufuria. Akanitazama, akasema bila hasira, "Jana nilipika. Nilisema labda mtabadilisha mawazo huko njiani. Nikangoja, nikangoja, nikawaita watoto wa jirani wakala. Sasa samaki sina. Anayeleta kutoka ziwani anakuja Jumamosi."

Siku ile ilikuwa Jumatatu.

Deo alikuwa lazima arudishe gari la mjomba. Tulibishana kidogo pale barabarani, mwisho nikashusha begi langu. Akaondoka peke yake, na safari yetu nzuri ya kwenye daftari ikaishia hapo.

Mwanangu, zile siku zilizofuata nazihesabu katika siku njema za maisha yangu. Nilitwanga mpunga na bibi, majirani wakawa wanakuja kuchungulia mwanaume aliyeshika mchi, wanacheka mpaka wanakaa chini. Nilichota maji. Nilibeba kuni. Na kila tulipokaa kupumzika, bibi alinisimulia mama yangu, bila mimi kuuliza: alivyokuwa anaimba kwaya kwa sauti ya juu kuliko wenzake hadi katekista anamwashiria apunguze, alivyoogopa vyura, alivyomkataa mwanaume wa kwanza aliyekuja kumposa kwa sababu alikula bila kunawa. Nilikuwa na miaka ishirini na nne, na ndiyo kwanza nilikuwa nafahamiana na mama yangu.

Jumamosi samaki akaja kwenye baiskeli, amekaushwa vizuri, mgumu kama ubao. Bibi akamloweka, akakaanga karanga taratibu huku anazigeuza bila kuondoa macho, akazitwanga, akachuja, akapika kwa moto mdogo. Aliniwekea mbele. Nikala tonge la kwanza, nikala la pili. Kilikuwa chakula kitamu kuliko vyote nilivyowahi kula, na hakikuwa chenyewe.

Bibi akaona uso wangu. "Vipi? Chumvi?"

"Hapana, bibi. Kitamu. Ila cha mama kilikuwa na kitu fulani. Kama uchungu kwa mbali, kama moshi."

Alinikodolea macho. Kisha akaanza kucheka, akacheka mpaka kanga ikamdondoka kichwani.

"Huyo mtoto alikuwa anaunguza karanga! Tangu msichana! Anaziweka motoni, anatoka uani kupiga soga, akirudi zimeshakuwa nyeusi. Nimemgombeza mpaka nimechoka. Kumbe na nyie huko alikuwa anawalisha hivyo hivyo?"

Nilicheka na mimi, na katikati ya kicheko nikajikuta nalia. Bibi akaja kukaa karibu yangu, akanishika mgongo. Akachukua sufuria, akakaanga konzi nyingine ya karanga, na safari hii akaziacha ziungue makusudi. Akachanganya kwenye kibakuli kidogo, akanipa. Mwanangu, nilimwona mama yangu pale.

Bibi Sesilia alifariki kabla ya mavuno yaliyofuata. Mgahawa tuliufungua, ukaenda miaka mingi, na kambale wa karanga ndiye aliyetupatia jina mjini. Lakini kama ningelifuata daftari langu, ningebaki na vipimo tu, na hata hivyo si vya kweli.

Sasa nasaha yangu ni hii. Punguzeni vituo. Tisa ni vingi. Chukueni vitatu, na siku moja muiache wazi bila kuiandikia chochote. Mkifika kwa mtu, simu zikae mfukoni kwanza, msalimie, muulize jina lake na hali ya watu wake, mshike mchi au mwiko kama ataruhusu. Mtu akisema subirini, subirini, hata kama kituo kinachofuata kitakufa. Msionje chakula cha mpishi kwa kijiko na kuondoka. Kaeni mle mshibe, maana amepika ili mshibe. Na kabla ya kwenda kwa wageni, nenda kwa wa kwenu ambaye bado anapumua, ukamwambie akupikie.

Mungu awatangulie barabarani, awalinde na mashimo na wanyama wa hifadhini. Milango mtakayobisha ifunguliwe na watu wenye furaha ya kuwaona. Mrudi mmeshiba, mmependwa, na mna majina ya watu wa kuwaombea.