Kipande Alichokiandika Kuwabara

Kuwabara Tokuji alianza kazi akipiga fidla katika majumba ya sinema za kimya katika mtaa wa Asakusa. Sinema zilipoanza kusema zenyewe, wenzake walifukuzwa. Yeye akajifunza kutunga. Miaka thelathini baadaye alikuwa ametunga muziki wa filamu mia na sitini, au ndivyo mabango yalivyodai.

Studio za filamu zilitaka muziki ukamilike kwa siku nne. Kwa hiyo Kuwabara, kama watunzi wengine wenye wanafunzi, alichora mstari wa sauti kuu tu, wanafunzi wakaujazia ala zilizobaki. Baadaye hata mstari akaacha kuuchora. Wanafunzi waliiga mwandiko wake, jina likabaki lake, na hakuna aliyeona haya. Ilikuwa desturi, na desturi huficha mengi.

Asubuhi moja walikuwa wakirekodi. Wapigaji thelathini walifuata picha zilizopita ukutani. Vipande vitano vilipita vizuri mno.

“Mwalimu, uzee unakunoa,” alisema Arimoto, mwongozaji wa filamu.

“Chuma cha zamani hicho,” Kuwabara akajibu, akazipokea sifa.

Kikaja kipande cha sita: mjane yuko kisimani, anafua shati la marehemu mwanawe. Kuwabara akainua mkono.

“Simamisheni. Mama analia, mvua inalia, na fidla nazo zinalia? Nani kaandika takataka hizi?”

Wapigaji wakacheka. Akamgeukia Nishiguchi Fumie, aliyekuwa mwanafunzi wake kwa miaka kumi na miwili.

“Wewe mama, wali wote uliokula nyumbani kwangu umeingia wapi?”

“Mwalimu, naomba tuzungumze nje.”

“Sema hapa hapa. Aibu ni dawa.”

Fumie akamwekea karatasi mbele yake, akainamisha kichwa. “Hiki ni chako. Ulikitunga mwenyewe Jumanne, ukanikataza kukigusa. Vile vitano ndivyo vyangu.”

Mwandiko haukumwambia kitu, kwa kuwa wote waliandika kama yeye. Lakini pembeni palikuwa na nambari ya simu ya daktari wake wa meno, aliyoiandika akiwa na jino linalomuuma. Alichokitambua kuwa chake kilikuwa cha mwingine. Kilicho chake alikuwa amekitemea mate mbele ya watu.

“Mambo ya jikoni hayo, mwalimu, mlaji hayamhusu,” Arimoto akasema kwa upole. “Tuendelee.”

“Kikatwe,” Kuwabara akasema. “Na jina langu likatwe. Andika Nishiguchi Fumie.”

“Mabango yameshabandikwa.”

“Yabandueni.”

Fumie alikuwa amepauka. “Mwalimu, watasema nimekupindua.”

“Watasema. Na mimi nikinyamaza, nitajiambia nini?”

Arimoto alikataa katakata. Kuwabara akavaa kofia, akashuka ngazi hadi chumba cha mchoraji wa kadi za majina yanayoonyeshwa mwanzoni mwa filamu. Jina lake lilikuwa pale kwenye kadi nyeusi, rangi nyeupe bado mbichi. Akalifuta kwa kiganja. Kisha akaketi, mkono ukiwa mweupe, akamwambia mchoraji aliyeduwaa kwamba hataondoka mpaka aone jina la Fumie limekauka.