Baba Mkwe Aliniita kwa Jina la Rubani Aliyekufa

Nimewahi kujifanya marehemu. Msinishangae, someni kwanza.

Mimi Mhehe wa Tosamaganga, nimeolewa na Mnyakyusa, Anyitike. Tunaishi Soweto, hapa Mbeya.

Kwetu baba mkwe unampa mkono. Kwa Wanyakyusa humgusi, humtazami usoni, mkikutana uani unajificha. Miaka yote chakula chake naweka mezani, natoka, ndipo anaingia.

Mzee alikuwa rubani wa ndege za kivita. Vitani alimwona adui akiingia nyuma ya ndege ya rafiki yake, Ezekia. Akamwita kwenye redio. Ezekia hakuitika, ndege ikawaka moto mzee anaangalia.

Jumamosi ile Anyitike alikuwa Mgololo kikazi. Mzee anaota jua uani, mimi jikoni nasonga ugali. Kwa jirani kuna harusi, wapiga picha wakarusha droni. Ikaja juu ya uani kwetu, inavuma.

Mzee akaruka kwenye kiti.

"Ezekia! Geuka! Yuko nyuma yako!"

Akashika kifua, akaanguka chali.

Nikampigia mume wangu simu. "Baba ameanguka!"

"Mama Shedrack, usimguse! Ita majirani!"

Majirani gani? Muziki wa harusi ulikuwa unapasua mabati. Nilipiga kelele mpaka sauti ikakata, hakuna aliyesikia. Nikabaki mlangoni. Aisee, sijawahi kujiona si kitu namna ile.

"Ezekia, nijibu!" Sauti yake inapungua.

Potelea mbali. Nikajifunika khanga usoni, nikapiga magoti, nikamshika mkono.

"Nimekusikia. Nimegeuka."

"Uko wapi?"

"Pembeni yako. Tunarudi nyumbani."

Akashusha pumzi. Droni bado inazunguka juu yetu, na mimi sina dawa, sina gari, sina lolote zaidi ya huo uongo.

Akanibana vidole, akanong'ona:

"Asante, mama Shedrack."

Hakusema tena.

Msibani mashangazi walinisema mchana kutwa kwa kumgusa mkwe. Anyitike hakunilaumu, ila hakunitetea pia. Nililia peke yangu jikoni, maana nilikuwa nampenda yule mzee na sikuwahi kumwambia.

Ndugu zangu, mila nazijua na naziheshimu. Lakini mtu akiita kwa uchungu, itika. Hata kama jina analoita si lako.